Kichuguu, msitu wima au sifongo? Maono matatu ya mji, mtaa mmoja wa kuchagua

Sisi ni familia 34 tuliochangishana tukanunua ekari sita Kigamboni, upande wa Kibada. Viwanja tuligawana kwa kura. Mimi nikapata namba 31, kule chini kwenye pembe, na nikafurahi kwa sababu majani ya pale huwa mabichi hata Septemba. Kwa kuwa kazi yangu ni kuchora ramani za nyumba, kamati ikanitwika mzigo wa kusema mtaa wetu uweje.

Kikao cha kwanza tulikaa chini ya mwembe palepale kiwanjani, na kabla chai haijamiminwa simu tatu zilikuwa zimewekwa mbele yangu. Kijana anayefanya kazi benki alikuwa na picha ya maghorofa ya Milan yaliyofunikwa miti toka chini hadi juu. "Kaka, hii hapa. Sisi tunashindwa nini?" Mhandisi mstaafu akaleta jengo la Harare linalopumua kama kichuguu. Na mama mmoja, aliyeondoka Jangwani baada ya mafuriko ya Desemba 2011, hakuwa na jengo lolote. Yeye alituonyesha video fupi ya bustani moja ya China: maji ya mto yanapanda juu ya majani polepole, na watu wanapita darajani juu yake kama hakuna kinachotokea.

Niliomba wiki mbili. Haya ndiyo niliyowarudishia, nimeyapanua kidogo kwa yeyote mwenye kiwanja, mwenye ushirika wa nyumba, au mwenye kiti kwenye baraza la madiwani.

Kwanza kipimo

Neno "kijani" limechoka. Mtu akipanda minazi mitatu getini, kibao kinaandikwa "makazi ya kijani" na bei ya kiwanja inapanda. Kuna wasanifu wanaodai kubwa zaidi ya hapo. Kwao jengo linalopunguza madhara halitoshi. Wanataka mji unaohuisha, yaani mji ambao miaka ishirini baada ya kujengwa udongo wake ni mzuri kuliko ulivyokuwa, kisima kina maji zaidi, na ndege waliokimbia wamerudi.

Pwani yetu ina rula ya kupimia dai hilo, na aliyeitengeneza hakuwa msanifu. Mwaka 1971 René Haller, mtaalamu wa kilimo kutoka Uswisi, alianza kupanda miti kwenye machimbo ya kiwanda cha saruji cha Bamburi, Mombasa. Palikuwa uwanda wa mawe matupu ya matumbawe, juu jua linachoma, chini maji yana chumvi. Alijaribu aina 26 za miti, zikashika tatu tu, na iliyotamba ni mvinje. Shida ikawa majani ya mvinje: yalidondoka yakalala hapohapo, hayaozi. Ndipo akaleta majongoo. Majongoo wakatafuna, kinyesi chao kikawa udongo, udongo ukaotesha miti mingine. Leo watu wanalipa kiingilio kutembea ndani ya msitu ule, na mtoto wa shule anayemlisha twiga hajui kwamba amesimama ndani ya shimo lililotoa saruji ya maghorofa.

Kwa hiyo kila nilipofungua picha ya mradi wowote nilijiuliza: jongoo wake ni nani? Msanifu akishaondoka na wapiga picha wakishaondoka, nani anabaki akifanya kazi bila kulipwa?

Kichuguu cha Mick Pearce

Eastgate Centre ilifunguliwa Harare mwaka 1996. Ni ofisi na maduka, majengo mawili ya ghorofa tisa yanayotazamana, na katikati kuna ua mrefu uliofunikwa kwa kioo. Msanifu ni Mick Pearce, wahandisi ni kampuni ya Arup. Walitakiwa kukwepa gharama ya viyoyozi, na jibu lao lilikuwa uzito: zege na matofali kwa wingi, madirisha kiasi, na kuta za nje zenye michongoko kama dungusi kakati ili usiku zipoteze joto haraka. Usiku mafeni huvuta hewa baridi na kuipitisha kwenye uwazi ulioachwa ndani ya sakafu, zege likapoa. Mchana hewa ya ofisini hupita kwanza kwenye zege hilo, hutokea chini karibu na sakafu, ikipata joto la watu na mashine inapanda, kisha hutoka kwa dohani 48 za matofali juu ya paa. Jengo linatumia nishati pungufu kwa takriban asilimia 35 kuliko majengo ya kawaida ya mji ule.

Kuna kichekesho humu, maana wazo lilitoka kwa mchwa, walioaminika kupooza vichuguu vyao kwa hewa inayopanda kama kwenye dohani. Wanabaiolojia waliokuja kupima vichuguu baadaye walikuta mchwa hawafanyi hivyo. Joto la ndani ya kiota hufuata joto la udongo unaokizunguka, na kichuguu chenyewe kinafanana zaidi na pafu kuliko na dohani. Jengo linafanya kazi vizuri tu. Ni mchwa waliosingiziwa.

Mhandisi wetu mstaafu alikuwa na haki ya kulipenda. Ila nilimwuliza swali moja: "Mzee, usiku wa Februari hapa unalala bila feni?" Akacheka. Harare iko karibu mita 1,500 juu ya usawa wa bahari, na hata msimu wa joto usiku wake unapoa kweli. Dar es Salaam mwezi wa pili mchana ni nyuzi 32, usiku unashuka hadi 25 hivi na hapo umejitahidi, na juu yake kuna unyevu. Zege letu halina wakati wa kupoa. Ukijenga Eastgate Kigamboni utakuwa umejenga jiko la mkaa la ghorofa tisa. Mjenge Nairobi, Arusha, Iringa, Mbeya, Kigali, Lubumbashi, kote ambako watu wanatafuta blanketi usiku, na hapo ningesema chukueni bila kubishana.

Kuhusu kuhuisha, Eastgate haidai hivyo na haifanyi hivyo. Inakula kidogo, basi. Pearce mwenyewe alisogea mbele alipofanya kazi kwenye Council House 2 ya Melbourne, jengo la halmashauri ya jiji lililokamilika 2006, ambako maji taka ya mfereji wa mtaa yalichotwa yakasafishwa yatumike tena, na mbao za kukinga jua upande wa magharibi hujigeuza kulifuata. Hata hivyo nikitafuta jongoo, namwona kwa shida.

Msitu wima wa Stefano Boeri

Hii ndiyo picha ambayo kila mteja anayo kwenye simu. Bosco Verticale (yaani msitu wima) ya msanifu Stefano Boeri, Milan, Italia, ilizinduliwa 2014: minara miwili, mmoja una mita zaidi ya 100 na mwingine zaidi ya 70, na kwenye roshani zake kuna miti karibu 800 pamoja na maelfu ya vichaka na mimea midogo. Ni kazi nzuri, nisiwe mchoyo. Miti ilikuzwa kitaluni kwanza kwa miaka kadhaa, mizizi ikafungwa kwa nyaya isiondoke na upepo, mingine ikapimwa Florida kwenye mtambo wa kuvumisha upepo mkali. Aina ya mti kwa kila upande wa jengo ilichaguliwa kwa kufuata jua. Ndege wameingia, wadudu wameingia. Jongoo yupo.

Lakini jongoo yule anaishi kwa oksijeni ya hospitali. Udongo wenyewe umewekwa ndani ya makasha ya zege. Mita moja ya ujazo ya udongo uliolowa inakaribia tani mbili, na inaning'inia kwenye roshani iliyotokeza zaidi ya mita tatu nje ya ukuta. Unajua hiyo ni nondo kiasi gani? Saruji peke yake inatoa karibu asilimia 8 ya hewa ukaa yote ambayo binadamu anaitoa duniani. Unabeba zege ili ubebe udongo ili ubebe mti ambao pale chini ungesimama wenyewe. Maji yanapandishwa kwa pampu. Kupogoa kunafanywa na mafundi wanaoshuka kwa kamba kutoka juu ya paa kama wasafisha vioo, na mwenye nyumba haruhusiwi kuugusa mti ulio mbele ya dirisha lake. Ada ya matunzo ni ya Milan, na wanaolipa ni watu wa Milan.

Watetezi wake wataniambia nitazame Eindhoven, Uholanzi, ambako mwaka 2021 Boeri alikamilisha mnara wa nyumba 125 za kupangisha kwa watu wa kipato cha chini. Ni kweli, na mradi ule umejibu sehemu ya hoja yangu: bei inaweza kushuka. Hoja ya matunzo haijajibiwa. Chengdu, China, kuna kampuni nyingine iliyoiga wazo lile (haikuwa kazi ya Boeri) ikajenga minara minane ya nyumba 826. Kufikia 2020 familia chache tu zilikuwa zimehamia, mimea imevamia roshani za nyumba tupu, mbu wamejaa. Sisi ambao lifti ikiharibika Januari inatengenezwa Pasaka, tuitazame picha hiyo mara mbili.

Kama moyo wako haubanduki kwenye ghorofa lenye miti na unaishi mahali penye joto na unyevu, usianzie Milan. Anzia Malaysia kwa msanifu Ken Yeang. Menara Mesiniaga yake, jengo la ghorofa 15 lililokamilika 1992 karibu na Kuala Lumpur na kupata Tuzo ya Usanifu ya Aga Khan mwaka 1995, ina bustani zinazopanda kwa kuzunguka jengo kama ngazi ya konokono, vikinga jua vya alumini pande zinazopigwa na jua, na ngazi na vyoo vyenye mwanga na upepo wa nje. Hewa ya kule ni ndugu ya hewa yetu. Hata mwanafunzi wa usanifu wa Mombasa angenufaika zaidi kwa Yeang kuliko kwa Boeri, ingawa Boeri ndiye anayepata kupendwa kwenye mitandao.

Sifongo ya Kongjian Yu

Hapa nitakaa zaidi, na sitajificha: nilipoanza nilikuwa upande wa mhandisi mstaafu, nilipomaliza nilikuwa upande wa mama wa Jangwani.

Kongjian Yu, msanifu wa mandhari, alizaliwa 1963 katika kijiji cha wakulima jimbo la Zhejiang, China. Alikuwa akisimulia kwamba utotoni alitumbukia kwenye kijito kilichofurika, na kilichomwokoa ni mierebi na matete ya ukingoni: yalipunguza kasi ya maji, akapata pa kushika. Akaenda Harvard, akapata shahada ya uzamivu 1995, akarudi China akakuta mito ya nchi yake inavalishwa zege. Mwaka 1998 alianzisha ofisi yake, Turenscape, Beijing. Kwa miaka mingi alionekana msumbufu. Julai 2012 Beijing ikafurika, watu 79 wakafa katikati ya mji mkuu wenye mifereji ya kila aina, na watu wakaanza kumsikiliza. Wazo lake la mji sifongo, yaani mji unaonywa mvua kama sifongo, likawa sera ya taifa, na 2015 miji 16 ikachaguliwa kuwa ya majaribio, lengo likiwa kwamba asilimia 70 hivi ya mvua inayonyesha mjini inywewe au itumike hapohapo. Yu alipata Tuzo ya Oberlander ya usanifu wa mandhari 2023. Septemba 2025 alifariki kwa ajali ya ndege ndogo Pantanal, Brazil, akiwa kazini kwenye ardhioevu.

Mafundisho yake ukiyavua makoti ni matatu. Mvua izuiwe pale inapodondoka. Ikianza kutembea, icheleweshwe. Ikifika bondeni, ipewe nafasi ya kutanuka. Mfereji wa zege unafanya kinyume cha yote: unayakimbiza maji, na maji yakikimbia yanafika kwa jirani wa chini yakiwa na hasira.

Lakini kilichonikamata mimi ni namna yake ya kuchora. Sisi tunaanza na barabara na viwanja. Kinachobaki, kile kipembe kisichouzika, kinaitwa eneo la wazi. Yu alianza na pasipojengwa. Unachora kwanza njia za maji, mahali maji yanapolala, miti inayotakiwa kubaki, na yote hayo unayafunga. Nyumba zinapangwa katika kinachobaki. Aliita hivyo kupanga kinyumenyume, na kwa mchoraji wa ramani ni kama kuambiwa uanze kushona suruali kwa mifuko.

Mjini Jinhua, mkoa aliokulia, walibomoa ukuta wa zege wa kuzuia mafuriko kwenye kisiwa cha Yanweizhou na mahali pake wakaweka matuta ya ngazi yaliyopandwa nyasi ndefu. Mto unapojaa, ngazi za chini zinazama. Unapopungua unaacha tope, na tope ndilo mbolea. Hakuna anayemwagilia, hakuna anayenunua samadi. Huyo ndiye jongoo wa Bamburi kabisa, amevaa sura ya mafuriko. Bustani ilifunguliwa 2014, na daraja lake jembamba la rangi nyekundu na njano linapita juu ya yote. Ndilo lililokuwa kwenye ile video.

Harbin, kaskazini, palikuwa na ardhioevu ya hekta 34 iliyokuwa inakauka kwa sababu mji umeizunguka. Yu hakuichimba. Aliiacha ilivyo, akazungusha pembeni yake pete ya mashimo na vilima kwa kuchimba hapa na kulundika pale. Mvua ya mitaa inaingia kwenye mashimo, inatulia, inasafishwa na mimea, ndipo inaingia katikati. Bangkok, mahali palipokuwa kiwanda cha tumbaku, bustani ya msitu ya Benjakitti ilifunguliwa 2022 kwa njia hiyohiyo: mamia ya visiwa vidogo ndani ya maji, miti juu yake, na vifusi vya zege la zamani vikatumika hapohapo. Angalia vifaa: greda, koleo, miche, na ujuzi ambao mkulima yeyote wa mpunga wa Kilombero anao. Yu mwenyewe hakuficha kwamba aliuchukua kwa wakulima.

Sasa ubaya wake. Julai 2021 Zhengzhou, mji uliotumia fedha nyingi kwa miradi ya sifongo, ulipigwa na mvua ya milimita 201.9 ndani ya saa moja. Hiyo ni kama masika nzuri ya mwezi mzima ya Dar, imemwagwa kati ya saa kumi na saa kumi na moja jioni. Watu walizama ndani ya treni ya chini ya ardhi. Yu alijibu kwamba sehemu kubwa ya kilichojengwa kule hakikuwa sifongo bali mapambo, na huenda alikuwa na hoja, lakini jibu hilo lina urahisi wake: kila kisichofanya kazi kinaitwa si chenyewe. Sifongo ina kikomo. Ikishiba, imeshiba.

La pili ni uchafu. Hapa sihitaji China. Mto Msimbazi unaanzia vilima vya Pugu na Kisarawe, unakatiza jiji kilomita 35 hivi hadi baharini karibu na Daraja la Selander, na kila mtu wa Dar anajua nini kinafanyika mvua ikianza usiku: watu wanatapisha vyoo. Maji yanayofika chini yamebeba hayo, na chupa za plastiki, na maji ya gereji. Mpe Yu maji hayo kwenye bustani yake ya matete na atakupa shamba la vijidudu kabla hujapata bustani. Mimea inasafisha, ndiyo, ila haifanyi miujiza. Choo kinatangulia.

La tatu ni mbu, na kila aliyepitia dengue Dar 2019 atauliza. Bwawa lililotuama ni kiwanda cha mbu. Bwawa lenye perege, kereng'ende na maji yanayosogea lina nafuu, na shimo la kunywa mvua lililotengenezwa sawasawa linakauka ndani ya siku moja au mbili, kabla kiluwiluwi wa mbu hajapata mbawa. Likikaa wiki, umekosea.

Wakae mezani pamoja

Ukiwaweka watatu hawa upande kwa upande, unaona kwamba kila mmoja anatibu ugonjwa wake. Pearce anatibu joto, na dawa yake inahitaji usiku wa baridi. Yu anatibu maji. Boeri anatibu upungufu wa majani katika mji uliokwisha kujaa, ambako ardhi ya chini haipatikani hata kwa dhahabu. Hilo ndilo linalomtetea Boeri: Milan hakukuwa na ekari sita. Sisi tunazo. Kupandisha udongo ghorofani wakati ardhi iko chini yako imelala ni kuhemea sokoni wakati shamba lako lina mahindi.

Kwa upande wa fedha, Pearce anakula mwanzoni kidogo na kukurudishia kila mwezi kwenye bili ya umeme. Boeri anakula mwanzoni na anaendelea kula. Yu ni rahisi wa mkono lakini ghali wa ardhi. Hapo ndipo shughuli ilipo, na wengi wanaomsifu hupapita haraka. Kusema "bonde liachiwe maji" ni sentensi ya maneno matatu. Msimbazi imekuwa ni maelfu ya watu wenye nyumba, makaburi ya wazee wao, na biashara za mboga zilizosomesha watoto. Mradi wa Bonde la Msimbazi, ambao Benki ya Dunia iliidhinisha fedha zake 2022, una daraja jipya la juu zaidi Jangwani, una kuihamisha karakana ya mabasi ya mwendokasi iliyokuwa ikifurika, na una bustani ya jiji bondeni. Lakini ulilazimika kuanza na daftari la fidia, na kwenye daftari hilo ndiko kelele zilikokuwa. Mchoro wa Yu uliochorwa kabla watu hawajajenga ni hekima. Ukichorwa baada yao, ni bomoabomoa yenye majani mazuri. Ndiyo maana nasema anayestahili zaidi kumchukua ni mji au mtaa ambao bado haujajengwa, na pwani yetu inayo mingi: Kigamboni, Mapinga, Kilifi, kusini mwa Unguja. Fumba Town kule Unguja tayari wanatumia misingi ya permakalcha, yaani kilimo kinachoiga mifumo ya asili, kwenye bustani zao, na ukipita unaona udongo unavyobadilika kati ya nyumba za mwanzo na za karibuni.

Matunzo ndiyo kigezo changu cha mwisho na kwangu ndicho kizito. Eastgate inataka fundi mmoja mwelewa wa mafeni. Msitu wima unataka kampuni. Sifongo inataka mtu wa kuzoa takataka baada ya kila mvua na kufyeka mara mbili kwa mwaka, kazi ambayo vijana wa mtaa wanaiweza, ila lazima walipwe, isije ikawa ile ya "tutajitolea" inayoisha mwezi wa tatu.

Kuhusu joto, kwa kuwa sifongo haipoozi chumba, sikuwaacha wenzangu hivihivi. Tusitafute mbali. Mji Mkongwe na Lamu walishapanga: njia nyembamba ambazo jua la mchana halifiki chini, ua wa ndani, dari ndefu. Kuta zao nene ningeziacha kwa sababu ileile ya zege la Pearce, lakini kivuli cha jirani kwa jirani, kibaraza, na dirisha linalotazama upepo wa kusi ni vitu ambavyo mchoraji wa Dar hahitaji kupanda ndege kuvijifunza.

Tulivyoamua, yaani tulipofika

Kabla ya kupiga kura niliomba tufanye jaribio la mtoto wa darasa la nne. Jumamosi tukaja na majembe, tukachimba mashimo manne ya futi mbili, tukayajaza maji, tukaacha yanywe, tukajaza tena na kuanza kuhesabu. Juu, karibu na mwembe, ni mchanga mtupu: maji yalizama kabla chapati hazijaisha. Mahali pale ukimwaga pevingi kila nyumba, umeziba mdomo wa sifongo uliyopewa bure. Katikati ilichukua saa mbili na kitu. Shimo la nne, kule kwenye pembe ya chini, tuliliacha likiwa limejaa magharibi inaingia. Asubuhi nilipopita maji yalikuwa yameshuka kama upana wa vidole vitatu, na chura yumo.

Nikarudi kikaoni na ramani mpya, nimeichora kinyumenyume. Pembe ile nimeipaka rangi ya bluu, njia ya maji inashuka kuifuata katikati ya mtaa, barabara imepinda kuipisha, nyumba zimesogeleana juu kwenye mchanga. Kijana wa benki akaitazama, akasema haina hata ghorofa moja lakini sawa. Mhandisi akadai kalvati mbili na nikampa. Mama wa Jangwani akavaa miwani, akaweka kidole kwenye bluu, akahesabu viwanja vilivyomo kimoja kimoja mpaka akafika namba 31.

"Hiki ni cha nani, baba?"